Chipu ndani ya sanamu za gemu huhifadhi nini?

Pindua amiibo (sanamu ndogo ya Nintendo) au sanamu ya gemu ya Skylanders, zile unazoweka kwenye kisomaji ili mhusika aingie kwenye gemu: hakuna betri wala tundu la waya. Kilichomo kwenye kitako ni chipu ndogo sana iliyounganishwa na antena ya mizunguko myembamba. Umeme wake unatoka kwa kisomaji, kinachorusha mawimbi ya 13.56 MHz, antena ikiyanasa, chipu huamka na kujibu. Mawimbi hayo hayafiki mbali, ni sentimita chache tu. Kwenye Switch, mashine ya gemu ya Nintendo, kisomaji kiko chini ya kijiti cha Joy-Con (kidhibiti cha mkononi) ya kulia. Ile ya kushoto hata uigusishe mara mia haitajibu.

Wengi hudhani mhusika mzima yumo ndani ya sanamu. Hawezi kuenea. Amiibo, zilizoanza kuuzwa 2014, zina chipu ya NTAG215 yenye baiti 540, yaani kurasa 135 za baiti 4 kila moja. Sura, sauti na miondoko vyote vimo kwenye gemu. Sanamu hubeba namba ya utambulisho, jina la mmiliki wake, jina la utani la sanamu, na baiti 216 za kuandikiwa na gemu moja tu. Gemu nyingine ikitaka kuandika hapo, ya kwanza lazima ifutwe.

Kurasa za utambulisho hufungwa kiwandani kwa biti ambazo zikishawashwa hazizimiki tena. Data inayobadilika husimbwa kwa ufunguo unaotokana, pamoja na mengine, na namba ya pekee ya chipu hiyo. Ndiyo maana ukihamisha baiti zilezile kwenye chipu tupu, gemu inaikataa: namba hazilingani.

Skylanders, ya 2011, ilifuata mpangilio wa aina ya chipu iitwayo MIFARE Classic 1K: baiti 1024 katika sekta 16, yaani mafungu ya kumbukumbu yaliyogawanywa katika bloku. Bloku ya mwisho ya kila sekta huliwa na funguo. Lakini ina ujanja mzuri: maendeleo ya mchezaji huandikwa mahali pawili kwa zamu, kila nakala ikiwa na namba ya mfuatano na namba ya kuhakiki. Ukimnyanyua mhusika kutoka kwenye kisomaji katikati ya kuandika, nakala moja huharibika, na gemu hurudi kwenye ile nzima iliyotangulia. Unapoteza dakika chache za mchezo, si mhusika.

Sanamu ikigoma kusomeka, angalia kwanza kama kuna chuma karibu, au sanamu nyingine iliyobanana nayo. Chuma hudhoofisha mawimbi, na chipu hukosa umeme wa kuamkia.