Je, wajua Delft ya kwenye filamu ilijengwa Luxembourg?

Nilipotazama mara ya kwanza Girl with a Pearl Earring, filamu kuhusu mchoraji Johannes Vermeer wa Delft, mji wa Uholanzi, niliwaonea wivu Waholanzi. Nikasema hawa watu wametunza miji yao: mfereji, kuta za matofali, ngazi nyembamba za karne ya 17, vyote vipo. Ben van Os, mbunifu wa mandhari wa filamu hiyo ya 2003, nilimdhania ni mtu aliyetafuta nyumba kongwe, akaipangusa vumbi, akapanga viti.

Wapi! Nyumba ya Vermeer ilijengwa upya, ghorofa tatu, kwenye seti (mandhari ya kujengwa kwa ajili ya filamu) kubwa ya nje huko Luxembourg. Na seti yenyewe ilikuwa imejengwa kuiga Venice. Yaani Italia ya bandia iligeuzwa Uholanzi ya bandia, katika nchi isiyo na bahari. Sisemi kila kitu kilikuwa cha mbao, maana vipande kadhaa vya nje vilipigwa Delft penyewe. Lakini ile nyumba niliyoionea wivu ilitoka kwa maseremala.

Sasa kwa nini mtu ajenge, na Delft bado ina majengo ya zamani?

Kumbuka sherehe ya kipaimara, mpiga picha anapoitwa sebuleni. Anarudi nyuma, anarudi tena, mgongo unagonga kabati la vyombo, na shangazi wa pembeni bado hajaingia kwenye picha. Angeweza kuung'oa ukuta ule asimame uani, shangazi angeingia na kitenge chake chote. Kamera ya filamu ina shida hiyohiyo, tena haiji peke yake: kuna taa, reli, mwongozaji, na mtu wa sauti na fimbo yake ndefu. Ndiyo maana chumba cha seti huundwa kwa kuta zinazofunguka. Unatolewa huu, kamera inapita. Wakitaka kupiga upande wa pili, unarudishwa, unatolewa ule. Ni boksi la viatu lililokatwa ubavu mmoja ili mtoto achungulie ndani, ila ubavu wa kukatwa unahamahama.

Halafu kuna jua. Vermeer alipenda kuchora mwanga unaoingia kwa dirisha la kushoto, na jua halisi halimsubiri mtu. Kwenye seti, taa iliyowekwa nje ya dirisha hubaki saa tatu asubuhi hadi watu waende kulala.

Van Os (1944–2012) hakuwa mgeni wa vituko hivi. Alishamjengea mwongozaji wa filamu Peter Greenaway mkahawa wenye ukumbi mwekundu, jiko la kijani na choo cheupe. Aliteuliwa kuwania Oscar mara mbili, kwanza kwa filamu ya Orlando pamoja na mbunifu mwenzake Jan Roelfs, kisha kwa nyumba hii ya Vermeer, na zote mbili akakosa. Mara ya pili tuzo ilikwenda kwa The Lord of the Rings: The Return of the King, filamu ambayo hata mimi sikudhani mji wake upo.