Eti utumwa Marekani uliisha 1865? Msome August Wilson kwanza

Kila nikimtaja August Wilson, yule mwandishi mweusi wa tamthilia wa Marekani, hakosi mtu wa kuniambia, si utumwa uliisha 1865, sasa hawa weusi wa Marekani mbona bado wanaandika yale yale. Hii dhana inaniuma kweli, maana tamthilia yake ya Joe Turner's Come and Gone inaijibu mwanzo mpaka mwisho.

Ukweli ni kwamba mwaka huo katiba yao ilipiga marufuku utumwa ila ikaacha kaupenyo, isipokuwa iwe adhabu ya mtu aliyekutwa na hatia. Basi majimbo ya kusini yakapita hapo hapo, yakatunga sheria za uzururaji, mtu mweusi akikutwa barabarani hana cha kuonyesha kwamba ana kazi anakamatwa, anahukumiwa, anakodishwa kwenye migodi na mashamba na serikali ya jimbo inapokea hela. Alabama haikuacha mpaka 1928. Hesabu mwenyewe, miaka 63!

Wengine wanasema sawa lakini huyo Joe Turner si katungwa tu. Hapana jamani. Jina limetoka kwenye wimbo wa zamani wa bluzi wa wanawake waliokuwa wanaulizia waume zao, na nyuma ya wimbo kuna mtu kweli, Joe Turney, ndugu yake gavana wa Tennessee, aliyekuwa anasafirisha wafungwa weusi.

Halafu kuna hii ya kwamba ni tamthilia za kulaumu wazungu. Sasa Joe Turner mwenyewe hatokei jukwaani hata dakika moja! Unayemuona ni Herald Loomis, shemasi, 1901 alikuwa anapita zake akakuta wanaume wanacheza kamari, akasimama awahubirie, wakazolewa wote na watu wa Joe Turner, akala miaka 7. Katoka mke hayupo, anazunguka na binti yake mdogo wanamtafuta, mpaka 1911 wanafika Pittsburgh kwenye nyumba ya kupanga. Usiku mmoja wenzake wanacheza juba, ngoma ya weusi ya tangu enzi za utumwa, kwa raha zao, yeye anapagawa, anaona mifupa inainuka baharini inatembea juu ya maji, anataka kusimama miguu inagoma. Hakuna aliyemshika wala hana mnyororo, ana miaka mitatu toka aachiwe. Hilo ndo donda ndugu lenyewe.

Na wale wanaomjua Wilson kwa tamthilia yake ya Fences tu kwa sababu ya filamu, kaandika tamthilia 10, kila muongo wa karne ya 20 na yake, 9 ziko Pittsburgh alikozaliwa 1945. Kwenye Gem of the Ocean, ile inayotokea 1904, yupo bibi Aunt Ester mwenye miaka 285, ukitoa unapata 1619, mwaka ambao Waafrika waliandikwa kufikishwa Virginia. Bibi ana umri wa msiba wenyewe.

La mwisho ni kudhani Loomis akimpata mke wake basi yameisha. Anampata kweli, anamkabidhi mtoto, na hawarudiani, kila mmoja kashabadilika. Mke anamsihi amrudie Yesu, anamwambia aoshwe kwa damu ya mwanakondoo, Loomis anajichana kifua kwa kisu, anajipaka damu yake mwenyewe usoni, ndo hapo anashtuka kumbe miguu imekubali, amesimama.