Je, wajua jinsi mikanda ya filamu ya Tsar, mfalme wa Urusi, ilivyogeuzwa kuwa ushahidi dhidi yake?

Mwaka 1927, ilipotimia miaka 10 tangu Tsar Nicholas II apinduliwe, Esfir Shub, mhariri wa filamu wa Kisovieti, alitoa filamu iliyosimulia anguko hilo. Sehemu kubwa ya picha zake ilitokana na mikanda ya zamani ya habari na ile iliyopigwa kwa ajili ya familia ya Tsar yenyewe. Iliwezekanaje picha za kumtukuza mfalme zikamshitaki?

Jibu limo katika kazi aliyoanza nayo Shub. Mwaka 1922 aliajiriwa na Goskino, shirika la filamu la dola ya Kisovieti, ili azirekebishe filamu za kigeni zikubalike kisiasa kabla ya kuonyeshwa. Alikata vipande, akavipanga upya na kubadili maandishi ya kwenye skrini, kwa kuwa filamu zilikuwa bado bubu, na mara nyingine kisa kizima kikageuka. Hata filamu ya mwongozaji Fritz Lang wa Ujerumani kuhusu Daktari Mabuse ilipitia mkasi wake mwaka 1924, naye Sergei Eisenstein, mwongozaji wa filamu wa baadaye ambaye jina lake lilikuwa bado halijavuma katika sinema, akaketi mezani pake kujifunza. Ulikuwa udhibiti, tusifiche. Lakini ulikuwa pia shule, maana Shub alitambua humo kwamba kipande cha filamu hupata maana yake kutokana na jirani yake.

Mwaka 1926 alikwenda Leningrad (leo Saint Petersburg), akapekua maghala ambamo mikanda ilikuwa ikiharibiwa na unyevu. Alitazama takriban mita 60,000, na katika filamu iliyokamilika zikabaki kama mita 1,500 tu.

Tazama alivyofanya katika onyesho moja. Mabwana na mabibi wa tabaka la juu wanacheza dansi kwenye sitaha ya meli hadi wanatokwa jasho. Mara wanafuata wakulima wanaochimba mtaro, nao wakijifuta jasho. Picha zenyewe hazikughushiwa, wala mpigapicha wa dansi ile hakukusudia kumdhihaki mtu. Dhihaka inazaliwa pale vipande viwili vinapounganishwa.

Shub aliendelea na njia hiyo hiyo: filamu yake ya mwaka 1939 kuhusu vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania ilijengwa kwa picha zilizopigwa huko na Roman Karmen na Boris Makaseev.