Mchanga wa Mtoni, Maji ya Uluguru: Tunayodanganyana Kuhusu Maendeleo Dar

"Tuendelee kwanza, mazingira baadaye." Dhana hii Dar es Salaam imeshaikanusha mara nyingi. Mvua ikipiga sawasawa, Mto Msimbazi unafurika na Barabara ya Morogoro inafungwa pale Jangwani. Mabasi ya mwendokasi yanasimama, na mama lishe wa Kariakoo anayeishi Magomeni amepoteza mauzo ya siku nzima. Hayo nayo ni uchumi.

"Mafuriko ni kazi ya Mungu." Mvua ni ya Mungu, sikatai. Lakini Msimbazi unaanzia vilima vya Pugu, na huko miti ikikatwa, udongo unateremka na maji hadi Jangwani, mto unapungua kina. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku Juni 1, 2019. Chupa na pampasi bado zimeziba mitaro yetu.

"Kuchimba mchanga mtoni ni riziki ya wanyonge, hakumdhuru mtu." Hapa tukae kidogo, maana nusu ya kauli ni kweli. Vijana wale wanashinda na makoleo juani, na wana watoto wa kulisha. Ila nimesimama uani kwa bibi mmoja kando ya Mto Mbezi. Mwembe wake mizizi inaning'inia hewani. Choo kilishakwenda na maji. Chumba cha mpangaji, ambacho kodi yake ndiyo inayomlisha, kimebakiza hatua nne kufika korongoni. Ukuta ameukinga kwa viroba vya mchanga, na mchanga huo ameununua, umetoka mto uleule. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004 inazuia shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingoni, na wapo wanaomwambia kajitakia. Bibi alipojenga, mto ulikuwa mbali. Mto ndio uliomfuata.

"Wakaao bondeni ni wabishi, wahamishwe tu." Baada ya mafuriko ya Desemba 2011 yaliyoua watu zaidi ya 40, familia zilipewa viwanja Mabwepande, pembezoni mwa jiji. Wapo waliorudi bondeni. Anayefua nguo za watu Upanga au kubeba mizigo Kariakoo, nauli ya kutoka kule inammaliza kabla hajashika kazi. Kiwanja bila kazi jirani hakijamhamisha mtu.

"Misitu ni habari ya mikoani." Maji mengi ya bomba jijini hutoka Mto Ruvu, unaolishwa na chemchemi za Milima ya Uluguru kule Morogoro. Ruvu ulipopungua mwaka 2022, tuliingia kwenye mgao na madumu yakapanda bei. Na bado mkaa unaingia jijini kila siku. Serikali inalenga asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati safi ya kupikia ifikapo 2034. Naliunga mkono lengo hilo kwa moyo wote, ila tuutazame mtungi wa gesi unapoisha tarehe ishirini na tano: kuujaza kunataka hela ya mkupuo, na mkaa unapimwa kwa kopo, kwa hela iliyopo mkononi.