Nyota jitu ni nini? Itazame Dabarani juu ya Kibo

Nyota jitu ni nyota iliyozeeka. Haidrojeni ya katikati imekwisha, tabaka za nje zimevimba, na uso umepoa hadi ukawa wa rangi ya chungwa au mwekundu. Kwa sisi wa Moshi na Arusha, mfano ulio rahisi kuuona ni Dabarani, ambayo ramani nyingi za anga huiandika Aldebaran. Haihitaji darubini.

Mwanzoni mwa Januari, mvua za vuli zikishapita, simama Moshi mnamo saa tatu usiku uelekee Kibo, kilele cha Kilimanjaro, yaani kaskazini, kisha inua uso hadi karibu na utosi. Tafuta kwanza zile nyota tatu za Jabari, kundi la nyota liitwalo pia Orion, zilizojipanga mstari. Ufuate mstari wao kuelekea kaskazini-magharibi: nyota kali ya rangi ya chungwa utakayoikuta ndiyo Dabarani. Ukiendelea mbele kidogo unafika kwenye Kilimia, kile kishada cha nyota ambacho wazee walisomea majira, kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, kikizama kwa mvua huzuka kwa jua. Aliyeko Arusha aelekee Mlima Meru. Mengine ni yale yale. Taa za mjini haziizuii kuonekana, ila rangi yake hutoka vizuri zaidi palipo na giza, kama huko Kibosho au kwenye mashamba ya miwa ya Arusha Chini.

Rangi hiyo ni kipimo cha joto. Chuma kikianza kushika moto huwa chekundu, kikizidi kinaingia chungwa, halafu njano, mwisho kinakaribia weupe. Wahunzi wa Mamba, upande wa Marangu, hujua kwa macho tu chuma kimefikia wapi, na wanajimu husoma nyota kwa kanuni hiyohiyo. Uso wa Jua letu una joto la nyuzi 5,500 hivi za Selsiasi. Wa Dabarani ni kama 3,600. Nyota za Kilimia, zenye weupe wa kibuluu, ni za moto kuliko zote mbili, nazo bado ni changa. Kwa hiyo katika kipande kile kimoja cha anga unaona ujana na uzee kwa pamoja, na mimi naona ni hasara mtu kuishi chini ya anga kama hili bila kuonyeshwa jambo hilo hata mara moja.

Sasa, kama imepoa, mbona inatoa mwanga mara 400 hivi kuliko Jua? Ni ukubwa wake. Upana wa Dabarani ni kama mara 44 wa Jua. Ingewekwa mahali pa Jua, ingejaza karibu nusu ya njia ya kwenda Utaridi, sayari iliyo karibu zaidi na Jua. Kila mita ya uso wake inatoa mwanga hafifu kuliko mita ya uso wa Jua, lakini mita zenyewe ni nyingi mno.

Kuvimba huko kunaanzia ndani, na hapa ndipo penye ajabu yenyewe. Nyota huishi kwa kuunganisha haidrojeni kuwa heliamu. Haidrojeni ya kiini ikiisha, inabaki heliamu, ambayo bado haijapata joto la kutosha nayo iungane. Kiini kinakosa cha kukihimili, kinabanwa na uzito wake, kinasinyaa, na kadiri kinavyosinyaa kinazidi kuwa cha moto. Moto huo unaliwasha ganda la haidrojeni linalokizunguka, nalo linaungua kwa kasi kuliko kiini kilivyoungua ujanani. Nishati hiyo inazisukuma tabaka za nje, zinatanuka, na kwa kutanuka zinapoa. Ndiyo maana nyota iliyoishiwa katikati inang'aa kuliko ilipokuwa na akiba tele. Jua letu nalo litapitia hayo, baada ya miaka bilioni 5 hivi.

Dabarani iko umbali wa takriban miaka 65 ya nuru. Mwanga tunaouona miaka hii ulitoka kule karibu na wakati ambapo Luteni Alexander Nyirenda alikuwa akiusimika Mwenge wa Uhuru kileleni Kibo, Desemba 1961.

Wengi wakisikia neno jitu hudhani nyota hii italipuka. Haitalipuka. Kwa uzito inalizidi Jua kidogo tu. Kilichoongezeka ni upana. Baadaye heliamu yake itawaka, nyota itanywea kwa muda, itavimba tena, kisha itazimwaga tabaka za nje na kubaki kiini kilichoshikamana, chenye ukubwa kama wa Dunia, ambacho huitwa kibete cheupe. Inayosubiri kulipuka ni nyota nyingine nyekundu inayoonekana jirani yake angani, ndani ya Jabari, iitwayo Betelgeuse. Hiyo ina uzito zaidi ya mara 10 wa Jua, na kundi lake ni la majitu makuu.