Vitabu vya Bahari kwa Msomaji wa Mlimani

Katika maktaba yetu hapa Moshi kuna rafu moja ambayo haiishi kuchekwa: rafu ya vitabu vya bahari. Mji wetu uko mita 800 hivi juu ya usawa wa bahari, Arusha wao wako karibu mita 1,400, na kwenda Tanga kwa basi kunamaliza nusu siku. Wasomaji huuliza vitabu hivyo ni vya nani. Kama mkutubi wa marejeo, jibu langu ni kwamba ni vya kwenu hasa, kwa sababu mtu wa pwani anaweza kumuuliza babu yake na wewe huna babu wa kumuuliza.

Vitabu vya kale vyenyewe ni ushahidi. Mwaka 55 kabla ya Kristo, Julius Caesar, jemadari wa Roma, alivuka na jeshi lake kutoka Gaul, yaani Ufaransa ya leo, kwenda Uingereza. Merikebu za vita zikavutwa ufukweni, za mizigo zikatia nanga. Siku chache baadaye, usiku wa mwezi mpevu, dhoruba ikavuma na maji yakapanda mpaka yakazijaza zile za ufukweni, huku zile za mizigo zikipondwa na mawimbi. Caesar hakuficha. Katika kitabu chake cha vita vya Gaul aliandika kwamba mwezi mpevu huleta maji makubwa katika bahari ile, na kwamba watu wake hawakuwa na habari hiyo. Walikuwa wamekulia Mediterania, ambako kwa sehemu kubwa maji hupanda na kushuka kidogo tu. Karne mbili na ushee kabla yake, askari wa Alexander Mkuu walikutwa na jambo hilohilo penye mlango wa mto Indus: maji yakapwa, vyombo vikakaa juu ya tope, na kabla hawajajua la kufanya maji yakarudi kwa kishindo.

Linganisha na mfanyabiashara asiyejulikana jina, msemaji wa Kigiriki kutoka Misri, aliyeandika mwongozo wa biashara katika bahari yetu katika karne ya kwanza. Kitabu hicho, kinachoitwa Periplus ya Bahari ya Erythraea, ndicho kinachoitaja Rhapta, soko la mwisho la pwani ya Afrika Mashariki. Akifika kwenye habari za Barygaza, bandari ya India, anaeleza jinsi maji yanavyoingia mtoni kwa nguvu wakati wa mwezi mwandamo hata kupindua vyombo. Anasema pia kwamba mfalme wa huko aliweka wavuvi wenyeji kwenye mlango wa mto, wakiwa na mashua kubwa zenye wapiga makasia wa kutosha, kazi yao kuwapokea wageni na kuwaongoza. Mimi humpa msomaji mpya kurasa hizo kabla ya kitabu chochote cha fizikia. Ni fupi, na anayezisoma haulizi tena kwa nini mtu ajisumbue kujua tarehe za mwezi.

Fizikia haina budi kufuata, na hapo ndipo vitabu vinapotofautiana kwa ubora. Mwezi huvuta maji, hilo kila mwanafunzi wa darasa la sita analisema. Swali gumu ni kwa nini maji yajae mara mbili kwa siku ilhali mwezi uko upande mmoja. Jibu ni kwamba nguvu ya mwezi hupungua kadiri umbali unavyoongezeka: maji yaliyo upande wa mwezi huvutwa kuliko dunia yenyewe, na dunia nayo huvutwa kuliko maji ya upande wa pili, ambayo hubaki nyuma. Basi maji huinuka pande zote mbili, na dunia ikizunguka kila pwani hupita katika miinuko hiyo. Kitabu kinachochora mwezi ukivuta maji upande mmoja tu, kifunge utafute kingine. Galileo mwenyewe, na akili zake zote, mwaka 1632 alidai kwamba kujaa na kupwa kunatokana na mwendo wa dunia, akaukataa mwezi kabisa. Maelezo tunayoyatumia leo yalianza na Newton mwaka 1687.

Jua nalo huvuta, kwa nguvu iliyo chini kidogo ya nusu ya ile ya mwezi. Mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu, vyote viwili huvuta kwa mstari mmoja na tunapata bamvua, yaani maji yanayojaa sana na kupwa sana. Mwezi ukiwa nusu, vinavuta kwa kukingamana, tunapata maji mafu, yasiyojaa wala kupwa sana. Unguja na Dar es Salaam, tofauti ya maji kujaa na kupwa siku za bamvua kubwa hukaribia mita 4. Siku za maji mafu hushuka hadi mita moja na kitu. Ghuba ya Fundy huko Kanada hufikia mita 16, kwa sababu umbo la ghuba lenyewe huyakuza maji. Na kwa wanafunzi wa Tengeru wanaouliza mbona Ziwa Duluti halijai wala kupwa: mwezi unalivuta pia, lakini nguvu hii hufanya kazi kwa tofauti ya umbali, na ziwa dogo kama lile halina umbali wa kutosha kutoka ukingo hadi ukingo. Hata Ziwa Victoria hupanda kwa sentimita chache tu.

Sasa jedwali. Kijitabu cha majedwali ya maji kujaa na kupwa ni safu za tarakimu tupu, na ndicho ninachokipenda kuliko vyote rafuni. Kwa kawaida siku moja ina mistari minne, saa na kimo cha maji: kujaa mara mbili, kupwa mara mbili. Saa huandikwa kwa mtindo wa saa 24, kwa hiyo ukikuta 1600 ujue ni saa kumi alasiri. Wageni wengi hukwama hapo, wakafika ufukweni maji yakiwa yamekwisha kujaa. Kati ya kujaa na kujaa kunakofuata ni saa 12 na dakika 25 hivi, ndiyo maana kila siku maji huchelewa kwa takriban dakika 50. Fuata safu hizo mwezi mzima utaona jambo ambalo wavuvi hawahitaji karatasi kulijua: katika pwani yetu, siku za bamvua maji hujaa kwenye saa kumi, alfajiri na alasiri, na kupwa kwenye saa nne. Baada ya wiki moja, siku za maji mafu, mambo hugeuka. Kina mama wanaolima mwani Paje na Jambiani, huko Unguja, hupanga kazi zao kwa hesabu hiyo, kwani mashamba yao hufikika vizuri maji yanapokauka sana.

Anayeijua hesabu hiyo huisoma kwa jicho jingine habari ya tarehe 26 Desemba 2004. Siku hiyo, kabla kidogo ya saa kumi alfajiri kwa saa zetu, tetemeko la ukubwa wa 9.1 lilipasua sakafu ya bahari karibu na Sumatra. Tsunami iliyozaliwa hapo ilikimbia katika bahari ya kina kwa zaidi ya kilomita 700 kwa saa, ikaua watu zaidi ya 220,000 katika nchi nyingi, wakiwemo karibu 300 Somalia na wasiopungua kumi hapa Tanzania. Ilitufikia baada ya mwendo wa saa nane na zaidi, mchana wa saa sita kuelekea saa saba. Tazama tarehe: mwezi ulikuwa mpevu. Kwa hiyo ilikuwa bamvua, maji yalikuwa yamepwa kwenye saa nne na bado yalikuwa chini. Umbali kutoka Sumatra ulitusaidia, na saa pia ilitusaidia. Mawimbi yaleyale yangefika saa kumi alasiri, yangepanda juu ya bahari iliyokwisha kuinuka mita kadhaa. Vitabu vingi vya tsunami vilivyoandikwa kwa ajili ya nchi nyingine havina ukurasa juu ya pwani yetu, lakini msomaji mwenye jedwali anaweza kuuandika ukurasa huo mwenyewe kwa mahesabu.

Mahali pa kujifunza zaidi kuhusu siku ile ni Simeulue, kisiwa cha Indonesia kilicho karibu sana na chanzo cha tetemeko. Mwaka 1907 tsunami iliua watu wengi pale. Waliosalia waliitia habari hiyo katika hadithi na nyimbo za watoto: ardhi ikitikisika sana na bahari ikirudi nyuma, kimbilia mlimani, usisubiri. Mwaka 2004 watu wa kisiwa hicho walikuwa zaidi ya 70,000, na waliokufa wanahesabika kuwa saba. Hapakuwa na king'ora, na walikuwa na dakika chache tu. Nataja hili kwa walimu hasa, kwa kuwa tunayo mazoea ya kudhani kwamba elimu ya maafa lazima ije na mashine.

Uholanzi, nchi iliyokuwa na wahandisi wake na kuta zake za kuzuia bahari, mambo yalikwenda vingine. Usiku wa kuamkia tarehe 1 Februari 1953, upepo mkali wa kaskazini-magharibi uliisukuma Bahari ya Kaskazini juu ya bamvua. Redio ya taifa haikuwa ikitangaza usiku. Walikufa watu 1,836, na wengine 307 Uingereza.

Vimbunga navieleza kwa ufupi, maana vitabu vyake ni vingi kuliko uhitaji wetu. Pwani yetu iko karibu na ikweta, na vimbunga huifikia kwa nadra. Nadra si kamwe: Aprili 1872 kimoja kiliangamiza mikarafuu ya Unguja na kuiacha Pemba, na biashara ya karafuu ikahamia huko, Aprili 1952 kimoja kilipiga Lindi, Mei 2024 Hidaya kilifika Mafia. Gharika ya Nuhu, kwa wanaouliza, iko rafu ya dini.

Nimeacha mwisho mafuriko ya huku kwetu, kwa sababu wengi huyaona kuwa habari nyingine kabisa. Mamlaka ya Hali ya Hewa inapotangaza vuli ya juu ya wastani, sikiliza sababu inazotoa: mara nyingi utasikia joto la bahari. Bahari ya Hindi ikiwa na joto zaidi upande wetu kuliko upande wa Indonesia, mvuke huongezeka na mvua hutumwa bara. Ndivyo ilivyokuwa vuli za 1961, 1997, 2019 na 2023. Katika hiyo ya 2023, tarehe 3 Desemba, tope liliporomoka Mlima Hanang na kuua watu zaidi ya 80 Katesh na vijiji vya jirani. Masika iliyofuata, Aprili 2024, gari la wanafunzi lilisombwa na maji jijini Arusha. Mtoto wa Katesh au wa Muriet ya Arusha ana haki ya kujua habari za joto la bahari kama mtoto wa Tanga.

Na maji hayo hayaishii korongoni. Bahari iliko ndiko mito iendako: Themi ya Arusha, Karanga na Weruweru za Moshi, zote huishia Kikuletwa, zikaingia bwawa la Nyumba ya Mungu, kisha Mto Pangani hadi Bahari ya Hindi. Mlangoni, maji yakijaa hupanda mtoni. Mto ukiwa na nguvu huisukuma chumvi nje. Tukiuchota mno huku juu kwa mifereji, chumvi huingia ndani zaidi, na wakulima wa Pangani wamelalamika kwa miaka mingi juu ya mashamba na minazi yao. Siku ambazo mafuriko ya mto hukutana na bamvua, mto hukosa pa kumwagia na maji husambaa nyanda za chini. Kitabu kinachounganisha mlima na mlango wa mto namna hii, kwa Kiswahili chepesi cha shule ya msingi, bado ninakitafuta. Anayekiandika aje tuzungumze.

Walimu mnaopanga ziara za shule Tanga au Bagamoyo, njooni na tarehe kabla ya kukodi basi. Tutatazama pamoja mwezi uko wapi, maji yanapwa saa ngapi na watoto watakuwa na muda gani wa kutembea kwenye miamba kabla hayajarudi. Majedwali ya miaka iliyopita mnaweza kuyaazima kwa kufundishia tu, hayafai kupangia safari, kwa kuwa saa na vimo hubadilika. La mwaka huu linasomewa humuhumu, na haliazimwi nje.