Marka Mbili kwa Mwezi: Redio Iliyoulea Muziki wa Majaribio Baada ya Vita

Mwaka 1953, kila nyumba ya Ujerumani Magharibi iliyokuwa na redio ililipa ada ya marka 2, fedha ya nchi hiyo wakati huo, kwa mwezi. Sehemu kubwa ya fedha hizo iligharimia habari, ibada za Jumapili, michezo na muziki wa dansi. Sehemu ndogo sana iliishia kwenye chumba kimoja mjini Cologne, ambamo watunzi vijana walikata kanda za sumaku na kuziunga upya kipande kwa kipande, wakisaka sauti ambazo hakuna ala iliyowahi kuzitoa.

Vitabu vingi husimulia muziki wa klasiki wa majaribio kwa majina ya watunzi: Boulez, Stockhausen, Nono. Sisi tunaotunza kumbukumbu za sauti tunaiona historia hiyo kwa mlango wa nyuma, kupitia vituo vya redio, halmashauri za miji na maofisa walioidhinisha malipo. Hao ndio walioufanya muziki huu uwezekane, na nadhani wanastahili kusimuliwa kwanza.

Lazima tuanze na Wanazi. Mwaka 1933 Arnold Schoenberg, mtunzi Myahudi aliyebuni mbinu ya kutunga inayozipa noti zote 12 za oktava uzito sawa, alilazimika kuacha kazi yake ya kufundisha Berlin na kuihama Ujerumani. Mwaka 1938 yakafanyika maonyesho mjini Düsseldorf ya kuudhihaki muziki ambao utawala uliuita potovu: wa Wayahudi, wa jazi, wa watunzi wa kisasa. Matokeo yake, mwaka 1945 kijana wa Kijerumani mwenye miaka 20 aliweza kuwa mpiga piano hodari bila kuwahi kusikia hata kipande kimoja cha Schoenberg au cha mwanafunzi wake, Anton Webern. Webern mwenyewe hakupata nafasi ya kurekebisha hali hiyo. Septemba 1945, vita vikiwa vimekwisha Ulaya, alitoka nje usiku kuvuta sigara katika mji mdogo wa Mittersill, Austria, akapigwa risasi na mwanajeshi wa Marekani.

Kazi ya kuziba pengo hilo ilianza mapema mno. Mjini Munich, mtunzi Karl Amadeus Hartmann, aliyekataa muziki wake upigwe nchini mwake muda wote wa utawala wa Hitler, alianzisha mfululizo wa matamasha wa Musica Viva Oktoba 1945. Darmstadt nao ulikuwa umeteketezwa kwa mabomu usiku mmoja wa Septemba 1944, watu zaidi ya 11,000 wakafa. Hata hivyo, kiangazi cha 1946 ofisa utamaduni wa mji huo, Wolfgang Steinecke, alifungua kozi za muziki mpya katika jumba la zamani la mawindo la Kranichstein, nje kidogo ya mji. Halmashauri ilichangia, na serikali ya kijeshi ya Marekani ikaunga mkono, kwa kuwa ilitaka Wajerumani wajifunze tena kusikia yale waliyokatazwa. Mji usio na paa ukigharimia muziki ambao karibu hakuna raia wake aliyeuomba: kila ninapoliwaza hilo, namheshimu zaidi Steinecke.

Kozi zile ziligeuka kuwa maabara. Mwaka 1949 Mfaransa Olivier Messiaen, ambaye wakati wa vita alikuwa mfungwa katika kambi ya Wajerumani huko Görlitz, alitunga kipande kifupi cha piano ambamo kila noti ina urefu wake, nguvu yake na namna yake ya kuguswa. Alikipa orodha ya urefu 24 na viwango 7 vya nguvu, na kila noti ikabaki na tabia yake hadi mwisho. Karlheinz Stockhausen alikisikia kwenye santuri alipofika Darmstadt mara ya kwanza mwaka 1951, akiwa na miaka 22. Kijana huyu mama yake aliuawa na Wanazi kwa sababu ya maradhi ya akili, na baba yake hakurudi kutoka vitani. Naelewa kwa nini muziki usio na mwangwi wowote wa nyimbo za gwaride ulimvuta.

Mwaka huohuo wa 1951, redio ya Cologne iliamua kuwa na studio ya muziki wa elektroniki. Kituo hicho kilikuwa sehemu ya shirika lililoundwa na Waingereza katika ukanda wao wa uangalizi, kwa mfano wa BBC. Herbert Eimert, aliyetangaza kipindi cha usiku cha muziki mpya, ndiye aliyekuwa mkuu wa studio. Vifaa havikuwa vya anasa: jenereta za milio, zilizotumika kwa kawaida kupimia mitambo, vichuja sauti, vinasa sauti na chumba cha mwangwi.

Kazi yenyewe ilikuwa ya mikono. Kanda ilipita kwenye mashine kwa kasi ya sentimita 76.2 kwa sekunde. Kwa hiyo mtunzi aliyetaka sauti ya nusu sekunde alipima kwa rula sentimita 38.1, akakata, akaunga. Kwa kipande chake cha pili cha elektroniki, cha mwaka 1954, Stockhausen alirekodi sauti tupu, yaani milio sahili ya noti moja moja isiyochanganyika na mingine, tano tano, akaziunganisha, akazipitisha kwenye chumba cha mwangwi na kurekodi ule mwangwi peke yake. Muziki wa dakika tatu tu ulimlia miezi ya kazi. Fundi wa redio aliyelipwa mshahara na umma alikuwa mshiriki kamili katika utunzi huo, ingawa mara nyingi jina lake halikuandikwa kwenye programu ya tamasha.

Kazi iliyoteka masikio ya wengi ilisikika Mei 1956. Stockhausen alichukua wimbo wa vijana watatu waliotupwa katika tanuru la moto, ambao wasomaji wa Biblia ya Kikatoliki wanaukuta katika sura ya tatu ya Danieli, wenye kiitikio cha kumhimidi Bwana. Alimrekodi mvulana mmoja akiyaimba maneno hayo, akayavunjavunja hadi yakakaribia kuwa mlio mtupu, kisha akayarudisha polepole hadi yaeleweke, huku sauti za elektroniki zikizunguka kutoka spika moja hadi nyingine. Asiyewahi kuusikiliza muziki wa aina hii aanzie hapo. Ni dakika 13 tu, na sikio lina kitu cha kushika: kila sifa ya Mungu inapojitokeza kutoka kwenye ule mchanganyiko, unaitambua.

Mwezi Novemba mwaka huohuo vifaru vya Kisovieti viliingia Budapest, mji mkuu wa Hungaria, kuzima uasi. György Ligeti, mtunzi wa Hungaria ambaye chini ya utawala wa kikomunisti alizoea kuandika kazi zake za majaribio na kuzificha kwenye droo ya meza, alisikiliza kazi hiyo ikirushwa na redio ya Cologne wakati mapigano yakiendelea mitaani na watu wamejificha kwenye vyumba vya chini. Desemba alivuka mpaka kwa siri kuingia Austria, na mapema 1957 alikuwa Cologne, ndani ya studio ileile. Ada za marka mbili zilifika mbali kuliko walivyodhani waliozilipa.

Taasisi hizi hazikuwa na mikono misafi kabisa. Wolfgang Fortner, mmoja wa walimu wa mwanzo wa Darmstadt, alikuwa mwanachama wa chama cha Nazi tangu 1940. Ubaguzi wa mitindo ulizuka haraka pia: mwaka 1957 katika tamasha la muziki mpya la Donaueschingen, Ujerumani, Boulez, Nono na Stockhausen waliinuka na kutoka nje kazi ya mtunzi mwenzao Hans Werner Henze ilipoanza tu, kwa kuwa waliiona tamu kupita kiasi. Wanawake walikuwa wachache mno. Watu waliokuwa wametoka kwenye utawala wa makatazo walijiwekea makatazo yao, na hilo linanisikitisha hadi leo.

Hadithi hii ina upande wa Afrika pia. Mwaka 1944, miaka minne kabla Mfaransa Pierre Schaeffer, mtu wa redio, hajarusha hewani mjini Paris vipande vyake vya milio ya treni, Mmisri Halim El-Dabh aliazima kinasa sauti cha waya kutoka kituo cha redio mjini Cairo, akarekodi wanawake katika ngoma ya zar, ya kutuliza pepo. Kisha akaingia studio za kituo hicho, akaondoa sauti za chini, akabakiza mwangwi na mitetemo ya juu, na akaichezesha kazi hiyo mbele ya watu mjini humo. Ulikuwa utunzi wa elektroniki kwa maana yoyote ile. Cologne ilikuwa na Eimert, bajeti ya kila mwaka na kipindi cha usiku cha kuzitangaza kazi zake. El-Dabh alikuwa na mashine ya kuazima. Mwaka 1950 alikwenda Marekani kusoma, na miaka tisa baadaye alikuwa akitunga katika kituo cha muziki wa elektroniki cha vyuo vikuu vya Columbia na Princeton. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 alifundisha Addis Ababa, na huko akasaidia kuanzisha okestra ya ala za jadi za Ethiopia.